Bati Langu, Kisima Chake

Rufaa yangu ilikuwa na sababu kumi na tisa. Niliziandika mwenyewe, nyumbani Masasi, kwa kuwa nimesoma chuo kikuu na sikuona haja ya wakili. Nilichosoma ni historia, nami huifundisha, lakini siku ile sikuliona hilo kuwa tatizo.

Mahakama ya chini ilikuwa imeamua kwamba kiwanja cha marehemu mama, kule Kitangari, ni mali yetu wawili, mimi na dada yangu. Nikakata rufaa. Pale Newala hakimu alizisoma sababu zote, akavua miwani.

"Mwalimu, uamuzi unasema nusu ni yako. Wewe unadai kiasi gani?"

"Nusu, mheshimiwa."

"Sasa unapinga nini?"

Watu wa benchi la nyuma walicheka. Kumbe nilichotaka ni kukatiwa nusu yangu nijenge uzio, niwe na pangu pa kustaafia, na hilo, alinieleza kwa upole, lina shauri lake la kugawana mali. Nikaiondoa rufaa. Nje dada alikuwa ananisubiri.

"Shikamoo dada."

"Marahaba, msomi. Umenitoa Kitangari kuku wangu hawajafunguliwa, uje useme umeghairi?"

"Sijaghairi. Nafungua kesi nyingine."

"Eti nyingine! Fungua, mdogo wangu. Maadamu wino unao."

Nikafungua. Hiyo ilikwenda haraka, maana dada hakubisha lolote. Aliiambia mahakama mdogo wake achague kwanza. Nikachagua upande wenye nyumba ya mama, nyumba ya bati. Yeye akabaki na kibanda cha nyasi na kisima cha saruji cha kuhifadhia maji ya mvua. Hakimu aliniuliza mara mbili kama nimeridhika. Niliridhika hadi jino la mwisho likaonekana. Miaka ishirini ya kufungua bomba Masasi ilikuwa imenisahaulisha kwamba kwetu Kitangari maji ya nyumbani hutoka kwenye bati.

Mvua ya kwanza ilinikuta likizoni, ndani ya uzio wangu mpya. Ilipiga bati langu, ikaingia kwenye gata langu, ikavuka mpaka, ikatumbukia kisimani kwake.

"Dada! Hiyo mvua ni yangu!"

"Ni yako, baba. Huku inapita tu."

Kwa hasira nikaligeuza gata lielekee kwangu. Nilikuwa na ndoo mbili. Zilijaa kabla sijamaliza kushuka ngazi, na maji yaliyobaki yakaingia mlangoni, yakafika hadi uvunguni mwa kitanda. Dada alisimama kibarazani kwake, kajifunika kanga, akicheka mpaka akashika nguzo.

"Kunywa, msomi! Usiache hata tone!"

Nikalirudisha gata huku nikinyeshewa. Juma lililofuata ndoo zilikuwa tupu. Nikauzunguka uzio mzima, maana katika kuujenga sikuacha mlango upande wake, nikapiga hodi na ndoo mkononi.

"Karibu," alisema bila kuinuka. "Utachota. Ila kwanza panda ukafagie majani kwenye bati lako, yananichafulia maji."

Nikaiweka ndoo chini, nikaenda kupanda.