Siku Rumaisa Alipochagua Pedali

Rumaisa binti Famau alikuwa na dharau kama wengine walivyo na pumu. Hakuiomba, hakuipenda, lakini vumbi likitimka kidogo tu, ilimpanda kifuani. Aliwadharau mafundi wanaopima mara moja na kukata mara tatu, maana yeye mwenyewe alikuwa fundi wa nguo za maharusi pale Mkomani. Aliwadharau wanaosifu biriani kabla ya kuonja. Na zaidi ya wote aliwadharau watu wanaozungumza juu ya muziki, kwa sababu muziki alikuwa akiupiga.

Alikuwa na umri wa miaka arobaini na moja, na alipiga gitaa la umeme katika kikundi cha wanawake wanne kinachoitwa kwenye sherehe za kupamba bibi harusi. Gitaa aliachiwa na babake, Bwana Famau, aliyemfundisha akiwa bado msichana mdogo, mlango umefungwa. Kwenye kupamba mwanamume haingii, na simu huwekwa kwenye beseni mlangoni, ili picha za wake za watu zisitoke nje. Kwa hiyo nusu ya mji ilijua kwamba Rumaisa ni hodari wa gitaa, na nusu nyingine ilidhani anashona tu.

Shida ilianza mwezi wa Shaabani, pale Hadil, mpiga fidla wao, alipomfuata mumewe Malindi. Watu hudhani fidla ni pambo. Lakini Bi Mwanamkisi, mwimbaji wao, alikuwa amepita miaka sitini, na pumzi yake ilikuwa fupi kuliko mashairi yake. Alipovuta pumzi, fidla ndiyo iliyoushika wimbo usidondoke. Gitaa haliwezi kazi hiyo. Uzi ukiuchapa hulia, halafu sauti inakufa pale pale, kama tone la maji juu ya kikaango cha moto.

Radhiya, mpiga kinanda, alisema hakuna tatizo, kwani kinanda chake kina kitufe kilichoandikwa fidla. Akakibonyeza.

"Hiyo si fidla," Rumaisa alisema. "Huyo ni mbu aliyesoma."

Radhiya akanuna siku mbili.

Bi Mwanamkisi hakuwa na muda wa kununa. "Mwanangu, Hadil kenda zake," akamwambia Rumaisa. "Gitaa lako na liimbe. Tafuta ndia. Kupamba kule Chundwa kwaja, na mimi sina kifua cha kusimama peke yangu."

Njia Rumaisa aliijua, ila hakupenda ilipopita. Ilipita nyumbani kwa binamu yake Yassir.

Yassir, mtoto wa shangazi yake, alikaa Nairobi miaka kumi, akarudi na nywele za kufunga nyuma na maneno mengi. Sasa aliishi kwa mamake, akikodisha vyumba viwili vya juu kwa wageni. Saa zilizobaki alizitumia kurekodi video kuhusu pedali za gitaa, vile visanduku vya chuma ambavyo mpigaji huvikanyaga kwa mguu ili kubadilisha sauti. Alikuwa nazo kumi na moja, zimepangwa juu ya ubao kama viatu msikitini. Watu elfu tano walimfuata mtandaoni. Rumaisa alikuwa amezitazama video mbili, na katika zote Yassir alizungumza dakika kumi na sita na kupiga gitaa dakika moja. Hiyo dakika moja ndiyo ilikuwa mbaya zaidi.

Lakini kati ya hizo kumi na moja zilikuwamo za kukwaruza, ambazo vijana huziita distoshen. Rumaisa alikuwa amegundua jambo ambalo Yassir hakuwahi kulitaja katika dakika zake zote: sauti ikikwaruzwa, inarefuka. Inakaa hewani. Ndicho alichokitaka, huo urefu. Ukali hakuwa na haja nao.

Akaenda Jumamosi asubuhi. Shangazi yake alikuwa ameketi ukumbini na sinia la mchele, akichambua mawe, na hapo ndipo Yassir aliposhusha ubao wake.

"Da Rumaisa! Hatimaye!" akasema. "Sasa, kabla hujagusa chochote, lazima uelewe historia. Kuna familia tatu za distoshen..."

"Yassir, sikuja kuposa. Familia zao zina nini na mimi?"

Shangazi akacheka ndani ya mchele.

"Niambie basi unataka sauti ya aina gani. Vintage? Modern? High gain?"

Rumaisa akamtazama kama anavyomtazama mteja aliyeleta kitambaa cha pazia akitaka kikatwe gauni. "Nataka iingie kikapuni pamoja na waya na mkasi wangu, kwa sababu nitaibeba kwenye boti na kwenye pikipiki. Nataka itumie betri, kwa sababu umeme wa jenereta unavuma ndani ya spika. Nataka sauti ikae mpaka Bi Mwanamkisi amalize kuvuta pumzi. Na nikiuvuta uzi kwa kidole, kutafuta sauti zile zilizo katikati ya noti na noti, nataka zisikike. Zisizamishwe."

"Hmm," Yassir akasema, kwa kuwa hakuna video yake hata moja iliyojibu maswali hayo.

Akampa gitaa lake. Rumaisa akapitisha kidole gumba juu ya nyuzi, akafumba macho kwa maumivu, akazikaza na kuzilegeza moja moja mpaka zikakubaliana. Yassir alikuwa bado anazungumza, hakuona.

Ya kwanza ilikuwa ya rangi ya chungwa. Yassir aliisifu kwa heshima kama shehe wa tarika. Rumaisa akaikanyaga, akachapa uzi, na ukumbi ukajaa nyuki waliofungiwa ndani ya mkebe wa maziwa. Akaizima.

Ya pili ilikuwa nyeusi, kubwa kidogo, yenye picha ya radi. Hiyo sauti ilikaa kweli, ilikaa hata ukaogopa haitaondoka. Lakini alipochapa kwa upole ilinguruma, na alipochapa kwa nguvu ilinguruma vile vile. Akavuta uzi kutafuta ile sauti ya katikati, akaambulia ukungu.

"Huyu," akasema, "ni mtu anayekupigia kelele hata akikuomba chumvi."

"Hiyo wanaitumia magwiji, da Rumaisa!"

"Basi wapelekee."

Yassir akatabasamu kwa subira ya mwalimu wa chekechea, akachomoa ya kijani. "Jaribu hii. Hii ni laini. Kwa wanawake iko poa sana."

Shangazi akaacha kuchambua mchele. Rumaisa akachapa uzi, akahesabu kwa sauti: moja, mbili, tatu, nne. Sauti ikafa kwenye nne. Bi Mwanamkisi alihitaji nane.

"Kwa wanawake haitoshi," akasema. "Labda kwa wanaume."

Ndipo alipoiona nyingine, haikuwa kwenye ubao. Ilikuwa dirishani, juu ya fomu za wageni, ikizizuia zisipeperuke. Ya kijivu, imechubuka pembeni, haizidi pakiti ya majani ya chai.

"Ile?"

"Ah, ile!" Yassir akacheka. "Ile takataka. Niliagiza nyingine, wakaniletea hiyo. Hata jina haina. Siwezi kuionyesha kwa watu."

Rumaisa akaifuata mwenyewe. Ilikuwa na vifundo vitatu vya kuzungusha: kimoja cha ukali, kimoja cha rangi ya sauti, kimoja cha ukubwa. Akauweka ukali katikati, akapunguza makali ya juu, akachapa polepole. Gitaa likatoka safi, kama vile hakuna kitu njiani. Akachapa kwa nguvu. Sauti ikapanda, ikapata ukwaruzo kidogo kama koo la mtu aliyelia, ikabaki pale juu. Shangazi ndiye aliyehesabu safari hii, midomo ikicheza: saba, nane, tisa. Rumaisa akauvuta uzi kwa kidole cha tatu, na ile sauti ya katikati ikatokea, nyembamba na wazi kabisa.

"Subhanallah," shangazi akasema. "Kama Hadil yuko mle ndani."

"Lakini ni ya bei rahisi," Yassir akasema.

"Naichukua."

"Chukua. Lakini da Rumaisa, sikiza. Ukimaliza kupiga, chomoa waya. Waya ukikaa ndani betri inakwisha, hata kama taa imezimwa."

Rumaisa alikuwa tayari kwenye ngazi, na neno hilo alilitupa hapo hapo pamoja na familia tatu na magwiji. Mtu asiyejua kukaza uzi amfundishe yeye habari za waya!

Kwa wiki mbili alijizoeza nyumbani, kati ya gauni na gauni, mguu mmoja kwenye cherehani, mwingine kwenye pedali. Waya aliuacha ndani, mchana na usiku, ili asipoteze muda.

Siku ya kupamba walifika Chundwa kwa boti kabla ya adhuhuri. Bibi harusi aliitwa Fairuz, na ua wa kwao ulikuwa umefunikwa kwa maturubai, wanawake wamejaa mpaka jikoni. Baada ya alasiri akaletwa, amepambwa, akaketishwa kwenye kiti cha juu, macho yamefumbwa kama ada inavyotaka, asimtazame mtu.

Bi Mwanamkisi akaanza. Ubeti wa kwanza ulipofika mwisho na kifua chake kikaomba pumzi, Rumaisa akakanyaga. Sauti ikaupokea wimbo kutoka kinywani mwa mwimbaji, ikaubeba, ikamrudishia. Mazungumzo ya nyuma yakakatika. Nyanyake Fairuz, aliyekaa mbele kabisa, akawa anageuza shingo huku na huku. "Fidla i wapi?" akauliza. "Mwaificha wapi?"

Rumaisa akawadharau wote wasiojua tofauti ya fidla na gitaa, na kwa mara ya kwanza dharau yenyewe ilikuwa tamu.

Katika wimbo wa pili sauti ikaanza kukatika. Kwanza ikakohoa, kama mtu aliyekwamwa na mwiba wa samaki, kisha ikakauka. Rumaisa akakanyaga tena. Kimya. Akakanyaga mara ya tatu, na hapo ndipo alipoielewa sentensi ya Yassir, yote, mpaka nukta yake. Uso ukamwaka moto. Bi Mwanamkisi alikuwa amefika ukingoni mwa pumzi, amemkodolea macho.

Aliyewaokoa ni Radhiya. Bila kuulizwa, alibonyeza kile kitufe chake, na yule mbu aliyesoma akaingia, akaushika wimbo mpaka mwisho. Wanawake wakapiga vigelegele. Rumaisa alisimama na gitaa bubu, akamsikiliza mbu.

"Ni betri," akawaambia wenzake. "Ni kosa langu."

Radhiya hakuwahi kumsikia akisema hivyo. Aliona haya kwa niaba yake, akaangalia pembeni.

Dukani Chundwa kulikuwa na betri za tochi, lakini zile za mraba za volti tisa hazikuwapo. Mpishi mmoja akasema fundi wa jenereta, Wazir, aliyekaa nje, ana kipimo cha umeme chenye betri kama hiyo. Rumaisa akavaa buibui, akaenda mlangoni mwenyewe, akaongea nyuma ya pazia.

"Bwana Wazir, niazime betri ya kipimo chako."

"Ya kazi gani?"

"Ya pedali ya gitaa."

Kisha mkono ukapita chini ya pazia na betri. "Basi ukimaliza chomoa waya," fundi akasema. "Usiniulie betri yangu."

Rumaisa alijibu "Inshallah" kwa sauti ndogo kuliko zote alizowahi kuzitoa.

Wimbo wa tatu ulikuwa ule mrefu, wa kumuaga binti nyumbani kwao. Safari hii Bi Mwanamkisi hakuogopa mwisho wa pumzi. Alikata mwenyewe katikati ya mstari, akamwachia. Rumaisa akachapa kwa upole, halafu kwa nguvu, akauvuta uzi mpaka kidole kikauma. Na Fairuz, aliyeagizwa na shangazi zake wote asifumbue macho, akayafumbua kutafuta sauti ile inatoka wapi. Somo yake, kungwi aliyekuwa akimtunza, akamfinya. Hakuyafumba.

Habari zilivuka maji kabla ya boti. Siku tatu baadaye Yassir alikuwa mlangoni kwa Rumaisa, kamera shingoni, mamake nyuma yake. Alitaka kurekodi mikono tu, hata ikiwa na glavu.

"Hapana," Rumaisa akasema, bila kusimamisha cherehani.

"Basi nirekodi sauti peke yake."

"Hapana."

Yassir akaketi juu ya furushi la vitambaa. "Ulijuaje kwamba ni hii?" akauliza. "Miezi minane ilikuwa dirishani kwangu. Kweli, niambie."

Rumaisa akatafuta jibu la kumkata, na yalikuwapo mengi. Lakini swali lilikuwa la mtu anayetaka kujua. Akasimamisha cherehani. Alimpa gitaa, akamwonyesha namna ya kuuvuta uzi mmoja mpaka ufike sauti ya katikati na kukaa hapo bila kutetemeka. Yassir hakuweza. Kidole chake kilikuwa laini kama cha mtoto mchanga, naye Rumaisa akamwambia hivyo, mbele ya mamake, na akaongeza mengine.

"Fanya huo mmoja tu mara mia," akasema. "Ukichoka, usirudi."

Alikuwa na hakika hatamwona tena. Asubuhi yake, kabla hajamaliza chai, Yassir alibisha hodi, amekuja na plasta kidoleni. Jambo hilo lilimuudhi sana. Akamfungulia.