Damu kwenye Kola za Mtukufu

Mama mkubwa wangu alifua nguo za Mtukufu kwa miaka kumi na tisa, na hakuwahi kumwona uso. Alichokijua ni kola zake. Kila asubuhi kapu lilishushwa kutoka ghorofani likiwa limefunikwa, naye akaziloweka kola kwenye maji baridi na kuzisugua kwa vidole, kamwe si kwa brashi. Wafuaji wenzake walimwita Mama Povu. Mimi nilikuwa mpiga pasi wake, na ninayosimulia niliyaona kwa macho yangu.

Katika dola yetu Mtukufu ndiye mfalme na ndiye kuhani. Amri yake husomwa hekaluni kama sala, nasi tunaitikia. Ndiyo maana kicheko kinaweza kumfunga mtu. Mwana wa pekee wa Mama Povu, ambaye kwangu ni kaka, alicheka amri ya kodi ya chumvi ikisomwa, kwa sababu nzi alitua kwenye pua ya msomaji, na msomaji alikuwa ameshika kitabu kwa mikono miwili. Nani asingecheka? Akafungwa kifungo kisicho na mwisho, mpaka Mtukufu mwenyewe apige muhuri wa msamaha.

Ombi lake lilikuwa mwaka wa tatu kwenye meza ya karani wa misamaha, chini ya mengine mia mbili. Na sheria yetu iko hivi: Mtukufu akifa, maombi yote ambayo hajayapigia muhuri huchomwa pamoja naye, wala hayaandikwi tena. Aliyefunga hayupo, basi wa kusamehe hayupo.

Doa la kwanza lilikuwa dogo kama punje ya dengu.

“Kajikata akinyoa,” nikasema.

“Na zile ndevu mpaka kifuani ananyoa nini?” akanijibu, akaendelea kusugua.

Wiki ya tatu damu ilikuwa imeshuka mpaka kwenye vifungo. Aliitoa yote, kapu likapanda juu jeupe pe. “Mtukufu haugui” ni maneno tuliyofundishwa shuleni kabla ya kujua kuhesabu, na kuyapinga ni kufuru. Lakini nilimwona mama mkubwa akiinua kila kola kwenye mwanga na kuiangalia kwa muda mrefu, na nikajua anapima siku za mwanawe.

Tukaenda kwa karani.

“Mzee, naomba ombi la mwanangu lipande juu.”

“Kila mama ananiomba hivyo, Mama Povu. Haraka ya nini?”

Nikamvuta kanga, twende zetu. Hakusogea.

“Anatema damu,” akasema. “Mwezi wa pili huu. Mficha maradhi, kilio humuumbua.”

Karani akainuka, akafunga dirisha. Hakuwa mtu mbaya. Ningependa angekuwa mbaya, ningepata wa kumchukia.

“Mama, nikilipandisha nitaulizwa sababu. Na nikijua sababu nisikushitaki, nafungwa mimi. Nina watoto wanne.”

“Basi andika yote mawili.”

“Umefikiri lakini?”

“Maji yakimwagika hayazoleki, baba. Andika.”

Akaandika msamaha wa mwana, akaandika na hukumu ya mama. Siku ya muhuri mashemasi wawili walimshika Mtukufu mabega, na mkono wake ukashuka juu ya karatasi moja baada ya nyingine bila yeye kusoma hata neno.

Mchana wa siku iliyofuata nilimsindikiza mama mkubwa hadi lango la gereza, askari nyuma yetu. Kaka alikuwa anatoka. Alikuwa amekonda, shati linamning'inia, lakini alipomwona mama yake alicheka kicheko chake kile kile kilichomfunga.

“Umekuja kunichukua! Twende nyumbani, mama.”

“Tangulia na dada yako. Nina kazi kidogo humu ndani.”

Kisha akaniinamia sikioni: “Usimwambie kabla hajala.”

Alikula sahani mbili. Nilipomwambia, alikimbia kurudi gerezani bila viatu, wakamfukuza langoni. Usiku ule ule nilimwandikia mama mkubwa ombi la msamaha, na asubuhi nikalipeleka kwa karani. Alilipokea bila kuniangalia.

Siku ya nne kengele zote za mji zikalia. Walitangaza kwamba Mtukufu, akiwa mzima wa afya, ameitwa juu. Ombi langu likachomwa na mengine.

Tuliitwa hekaluni kumwombea, na asiyeitikia anajulikana. Kaka alisimama kati ya watu akaitikia kila neno kwa sauti, machozi yakimtoka mpaka shingoni. Mzee mmoja aliyekuwa karibu yetu akamgusa bega. “Pole, mwanangu,” akasema. “Naona ulimpenda sana Mtukufu.”