Hotuba ya Posa Iliyoanzia Wodini

Jamani, aibu hii naisimulia mwenyewe kabla hamjasimuliwa na watu wa mtaani kwetu Nyakabiga, maana wao huongeza chumvi.

Kwenye ukoo wetu kazi yangu ni kuongea: kukiwa na posa, mimi ndiye msemaji, nasimama mbele ya wakwe na kuomba binti kwa mafumbo. Sasa walipokuja watu wa filamu ya televisheni, vichekesho vichungu kuhusu maisha ya hospitali ya wagonjwa wa akili, nikapewa nafasi ya mgonjwa anayeuchumbia mto wake wa kulalia. Maneno waliyoniandikia sikuyakariri (uvivu tu), kwa hiyo kamera ilipowaka nikatoa hotuba yangu ileile ya posa, neno kwa neno, nimevaa pajama, namwomba nesi anioze mto. Walicheka mpaka mpiga picha akakaa chini, nami nikajiona bingwa.

Filamu ikaonyeshwa Ijumaa jioni. Jumamosi tukawa Gasenyi, kwa kina binti, kumposea mpwa wangu Eriki, aliyeisubiri siku hiyo miaka mitatu. Nikasimama na koti langu, nikakohoa, nikaanza: "Tulipita njiani, tukaona ua kwenye bustani yenu..."

Ukumbi mzima ukamalizia: "...na tangu siku hiyo hatulali!"

Nikaendelea (ningefanyaje, hotuba nyingine sina), wakamalizia tena, vicheko hadi jikoni. Ila msemaji wa upande wa binti, mzee wa tai nyekundu, hakucheka hata kidogo.

"Munatuletea mugonjwa wa kichwa atuombe mutoto? Apana!"

Eriki akainamisha kichwa. Nilitamani ardhi ipasuke inimeze.

Hapo akasimama shangazi wa binti, mama mfupi anayeuza vitenge sokoni. Aliongea polepole.

"Mi nililala kule hospitali ya wagonjwa wa kichwa miezi saba. Nyinyi munasemaka nilienda Uvira kwa biashara. Jana mi nilicheka mpaka nikalia, sababu iko vile vile kabisa. Watu wasioogopa mugonjwa, ni hao mi nataka kwa mutoto wetu."

Miaka yote hii ya kusema mbele za watu sijawahi kusikia maneno machache yenye uzito namna ile. Aibu yangu niliisahau kabisa. Mzee wa tai alivua miwani, akaifuta, akaifuta tena, kisha akamwambia Eriki asogee karibu.

Nimeapa, hotuba ya posa haitaiona tena kamera. Na nikimkuta yule mama sokoni, namsalimia kwa mikono miwili, halafu nanyamaza. Mbele yake mimi niseme nini?