Sauti na Askari Kanzu

Watu walimwita Sauti, na jina hilo lilimganda hadi mama yake mzazi akaacha kutumia lile alilompa. Kazi yake ilikuwa kutafsiri filamu. Alikaa katika kijumba cha mbao nyuma ya ukumbi wa video, kipaza sauti mdomoni, macho kwenye skrini, na kila aliyefungua kinywa kule ndani, awe jambazi, hakimu au bibi kizee, alisema Kiswahili kwa koo la mtu mmoja. Hakusomea popote. Alianza kwa kufagia ukumbi huohuo baada ya kufiwa na baba, na mtafsiri wa zamani alipobanwa na kikohozi, mwenye ukumbi akamwambia, "Hebu jaribu wewe, maana hata ukifagia mdomo haupumziki."

Mwenye ukumbi waliyemwita Tajiri alikuwa mtu mnene, mpole, aliyependa kukaa chini ya feni karibu na mlango akiwapitisha wazee bure. Ndiye aliyempa dada yake Sauti chumba cha pembeni afungue udobi wake, baada ya mume kumkimbia. Katika familia ile alihesabiwa kama baba.

Filamu zilizojaza ukumbi kuliko zote zilikuwa za askari kanzu. Steringi, yaani shujaa wa filamu, anatumwa kuingia ndani ya kundi la majambazi. Anakula nao, anawabeba watoto wao, anasimamia arusi zao, na watazamaji wanakaa roho mkononi wakingoja ajulikane. Sauti alizitafsiri kwa namna yake, akiongeza maneno yasiyokuwemo. "Mtazameni macho," aliwaambia watu. "Anacheka meno tu. Huyu ni serikali, ila wenzake ni vipofu." Ukumbi ulimpigia makofi. Ikawa utani wa mtaa: mgeni akihamia, vijana humpeleka kwa Sauti amkague kama ni serikali.

Fundi Baridi naye alikaguliwa. Alikuwa amepanga chumba nyuma ya udobi na kufungua karakana ya kutengeneza friji. Sauti alimtazama kuanzia kandambili hadi kofia, akatoa hukumu: "Huyu? Huyu hawezi kumdanganya hata mbuzi." Watu wakacheka, na fundi akacheka kuliko wote.

Na kweli alikuwa fundi. Friji zilizokwisha tupwa uani alizifufua. Alisema kidogo, akasikiliza sana. Alianza kupeleka mashati yake kufuliwa, kisha akawa anakaa kwenye benchi la udobi wakati dada mtu akipiga pasi, kisha watu wakaanza kumtania Sauti kwa neno "shemeji," na baadaye neno likaacha kuwa utani. Alienda kujitambulisha kwa mama, ambaye macho yake yalikuwa yameshafifia. Akamtengenezea friji, na tangu hapo akawa anampigia simu kila jioni kumuuliza kama amemeza vidonge vya presha. Mama alimwita mkwe hata kabla hajaposa.

Yeye na Sauti walikuwa chanda na pete. Ukumbi ukifungwa walikaa kwenye ngazi wakipiga soga. Jambo moja tu hawakupatana: fundi hakupenda filamu za askari kanzu.

"Zinanichosha," alisema. "Tafsiri vichekesho, shemeji. Watu wana shida za kutosha."

"Vichekesho vinajitafsiri vyenyewe. Hizi ndizo zinataka mtu."

Sauti alikuwa mtu wa kusema kazini na kusema mapumzikoni, na akiulizwa kwa upole alijibu kwa kirefu. Hivyo ndivyo fundi alivyopata habari za chumba cha nyuma cha ukumbi kilichofungwa kwa kufuli mbili, chenye majokofu ambayo hakuitwa hata siku moja kuyatengeneza. Tajiri alikuwa amemwambia Sauti kuwa anaweka aiskrimu za hoteli.

"Lakini aiskrimu gani inaletwa na gari la hospitali?" Sauti alisema siku moja, akicheka. Alidhani dereva anafanya kibarua cha pembeni. Fundi naye akacheka, akauliza gari huja siku gani.

Polisi walifika asubuhi, dada mtu akiwa ndiyo kwanza amewasha pasi. Ndani ya majokofu mlikuwa na chanjo za watoto na dawa za sindano za wagonjwa wa kisukari, zilizoibwa katika bohari ya hospitali ya umma na kuuzwa kwa maduka ya mbali. Tajiri alitolewa akiwa na fulana. Fundi Baridi alikuwa amesimama kando ya gari la polisi, na dada mtu akamkimbilia.

"Wamekukamata na wewe?"

"Hapana," alisema fundi. Askari mmoja kijana akampigia saluti.

Mahakamani alitaja jina ambalo mtaa haukuwahi kulisikia, na cheo chake. Wakili wa Tajiri, aliyejua kuwa ushahidi ni mzito, aliamua kumchafua shahidi.

"Ulipokuwa ukienda kwa mama wa huyu dobi ukiitwa mkwe, ulikuwa na mke?"

"Ndiyo."

"Watoto?"

"Wawili."

"Na uchumba huo nao ulikuwa kazi ya serikali?"

Fundi alimtazama hakimu, naye akamwamuru ajibu. "Nilihitaji sababu ya kuwa pale kila siku," alisema. Dada mtu alikuwa ameketi safu ya tatu. Alifungua mkoba wake, akatazama ndani kama anayetafuta kitu, akaufunga.

Kisha zilichezwa kanda. Fundi alikuwa akirekodi mazungumzo ya kwenye ngazi, na sauti iliyojaa chumba cha mahakama ilikuwa ya Sauti mwenyewe, ikicheka, ikiuliza aiskrimu gani inaletwa na gari la hospitali. Watu wachache waliangua kicheko. Sauti aliijua sauti ile kuliko mtu yeyote, alijua jinsi ya kuikaza na kuilegeza, na kwa mara ya kwanza alitamani ikome. Tajiri hakugeuka kumtazama.

Tajiri alifungwa na ukumbi ukapigwa kufuli. Mtaa uligawanyika. Wengine walisema Sauti alijua yote na alikuwa kibaraka wa polisi tangu mwanzo, na walipompita walijisemea kwa nguvu, "Kikulacho ki nguoni mwako." Lakini jirani mmoja, mama wa mtoto mwenye kisukari, ambaye kwa muda mrefu alikuwa akiambiwa hospitalini kwamba sindano zimekwisha, alimsimamisha njiani.

"Mimi yule askari namwombea dua," alimwambia. "Usinichukie kwa hilo."

"Sikuchukii, mama," alisema Sauti. Alikuwa anasema kweli, na hilo lilimchanganya zaidi. Angeweza kumchukia fundi moja kwa moja kama Tajiri angekuwa hana kosa.

Alikwenda gerezani kumtembelea Tajiri akitarajia kutukanwa. Walikaa wakitazamana kupitia wavu. Tajiri alikuwa amepungua, mashavu yamelegea.

"Niliwapa mdomo wangu bila kujua, mzee. Nisamehe."

"Wewe ulisema ulichokiona," Tajiri alijibu. "Hadithi ya aiskrimu ni yangu mimi. Nilikupa kwa sababu nilijua utaimeza." Baada ya hapo aliuliza habari za feni, kama wameiondoa, kwani ilikuwa nzito na inataka watu wawili.

Kwa mama hakuna aliyekuwa na moyo wa kusema. Walimwambia mkwe amesafiri kwa kazi ya viwandani. Kila jioni mama alishika simu mapajani, na isipolia aliikabidhi kwa binti yake na kusema labda kule mtandao ni mbaya. Akaanza kuacha vidonge. Sauti alivumilia kwa muda, kisha jioni moja akatoka uani, akasimama nyuma ya pipa la maji, akapiga.

"Mama, shikamoo," alisema, polepole, kwa ule mkwaruzo wa chini kooni aliokuwa nao fundi. "Umemeza vidonge?"

Mama alifurahi hadi sauti yake ikatetemeka. Alimsimulia habari za friji, za goti lake, za binti yake aliyekonda. Sauti alijibu kila kitu. Alimwahidi kuwa kazi ikiisha atarudi. Ahadi ile hakuwa ameipanga; ilimtoka yenyewe, kirahisi, kama mstari wa filamu, na alipokata simu alikuta anatabasamu. Hapo ndipo alipoogopa.

Dada mtu alirudi kutoka udobini akakuta mama anaimba jikoni. "Mkwe wangu amepiga," mama alisema. Dada akamtazama mdogo wake, akamvuta nje.

"Ulikuwa wewe?"

"Alikuwa haponi bila hivyo, dada. Anaacha dawa."

"Ilikuwa ngumu?"

"Hapana. Rahisi mno."

"Basi rudi ukamwambie. Katika nyumba hii ametosha mmoja."

Sauti aliingia, akakaa kwenye kigoda karibu na miguu ya mama, akamweleza kuanzia karakana hadi mahakama hadi nyuma ya pipa la maji. Mama alilia kidogo, akafuta uso kwa upindo wa khanga. Halafu akauliza jambo ambalo Sauti hakulitegemea.

"Yule mke wake wa huko, naye alikuwa akipigiwa simu jioni?"

"Sijui, mama."

"Maskini," alisema mama. Wiki ile nzima hakutaka kupokea simu ya mtu yeyote, ila vidonge alimeza.

Fundi alirudi mara moja tu, mchana, udobi ukiwa mtupu. Hakuvaa sare. Sauti alikuwa ndani akisaidia kukunja mashuka, akataka kutoka, dada yake akamwambia akae. Fundi alisimama mbele ya kaunta kama mteja asiyekumbuka alicholeta. Alisema amehamishwa kituo, amepandishwa cheo. Mkewe alisoma habari za kesi gazetini, sasa anaishi kwa wazazi wake pamoja na watoto.

"Nimekuja kukuomba radhi," alisema.

Dada mtu aliendelea kukunja shuka hadi kona zikalingana. "Nina swali moja. Ulipokuwa unakaa kwenye benchi hilo ukicheka na mimi, ulikuwa unacheka kweli?"

Fundi alifikiri. Ilionekana anafikiri kwa dhati, kwa jinsi alivyokunja uso. "Mwanzoni nilikuwa najua," alisema. "Baadaye sikujua tena. Mpaka leo sijui. Hata nyumbani nikicheka najisikiliza."

"Ahsante kwa kuja," dada alimwambia. "Usirudi."

Alipotoka, Sauti alitegemea kilio, lakini dada mtu alimwonyesha rundo la mito akamwambia bado foronya. Walifanya kazi hadi mchana ukaisha. Baadaye alihamishia udobi barabara ya pili, penye maji ya uhakika, akaajiri wasichana wawili, na anayemuuliza habari za kuolewa humjibu kuwa kwanza alete nguo zake zifuliwe, mengine yatajulikana kwenye madoa yake.

Sauti alipata kazi katika ukumbi mwingine. Wiki ya kwanza walimpa filamu ya askari kanzu. Aliposema, kwa mazoea, "Mtazameni macho," mtu gizani akamjibu, "Wewe uliyatazama?" na ukumbi mzima ukacheka. Alimaliza filamu ile kwa maneno machache, bila chumvi yoyote. Ilipofika sehemu ambapo mke wa jambazi anagundua kuwa rafiki wa nyumba ni polisi, kule ndani ya filamu mwanamke alikuwa anasema tu kwamba chai imepoa. Zamani Sauti angemtungia maneno makali hapo. Safari hii alisema chai imepoa, akanyamaza. Watazamaji wengine walilalamika mlangoni kuwa siku hizi tafsiri zake ni kavu. Mwenye ukumbi alimfikishia malalamiko hayo, na Sauti akasema atatafsiri linalosemwa. Anayetaka nyongeza atafutiwe mtu mwingine. Hawakumtafuta mwingine, na filamu za namna ile bado zinaletwa.