Riba ya Kungojeshwa
Jirani yangu, fundi cherehani, alipoteza mguu wa kulia treni ilipoacha reli. Tangu hapo anakanyaga cherehani kwa ule uliobaki, akipiga mluzi, akikata uzi kwa meno. Kampuni ya reli ilimzungusha miaka na miaka, kisha ikakubali kulipa fidia bila riba. Wakili wao akambembeleza, “Mama, pokea hiki, yaishe.”

“Mwanangu, mlikaa na haki yangu, mimi nikakaa na njaa. Na huko kungoja mkulipie.”

Kesi ikaahirishwa tena na tena. Kila mara alifika mapema, magongo kwapani, gauni limenyooshwa pasi. Hatimaye hakimu akaamuru riba ihesabiwe tangu siku ya ajali. Tulipotoka aliketi kwenye ngazi, akanishika mkono.

“Shoga, nishikilie kidogo. Nilichoka zamani, sikutaka tu wajue.”