Kurasa za Orvani Zilizofungia Karanga

Juma lililopita nilipita mbele ya shule yangu ya zamani, mtaani Makomeno, nikaona msichana mdogo amesimamishwa ukutani peke yake, kibao cha mti kikining'inia shingoni mwake. Nilidhani mambo hayo yamekwisha. Damu ilinipanda. Rafiki yangu, kama hukusomea kwetu, nikueleze: kibao kile huvikwa mtoto aliyesikika akisema Kiswahili shuleni badala ya Kifaransa. Huruhusiwi kukivua mpaka umsikie mwenzako naye akisema Kiswahili, umtaje kwa mwalimu, kihamie kwake. Mimi nilikivaa juma zima nikiwa darasa la tano, na sababu ilikuwa kitabu.

Kitabu hicho mpangaji wetu, mzee wa reli, alimwachia nkambo siku alipohama. Nkambo ndivyo tunavyomwita nyanya. Huyu ni mama wa baba, aliyenilea. Hakujua kusoma. Kitabu kilikuwa cha Kifaransa, hakikuwa na jalada, na kilianzia ukurasa wa tisa. Kila siku baada ya shule yeye alitwanga sombe ya majani ya mihogo, mimi nikakaa karibu na kinu. Nilisoma mstari mmoja kimoyomoyo, kisha nikamwambia kwa Kiswahili chetu. Nilikuwa mzito wa kusoma. Darasani aibu ilinishika, maneno yakagoma. Lakini pale kwenye lupango letu, uani kwetu, katika harufu ya majani hayo mabichi na samaki wakavu wa ziwani Pweto waliotundikwa dirishani, maneno yalikuja. Hadithi ikikolea, mchi ulisimama hewani.

"Ngoja kwanza," nkambo alisema. "Rudilia pale."

Ilikuwa hadithi ya Orvani, dunia yenye majua mawili, ambako watu huchimba mwanga ardhini kama sisi tunavyochimba shaba, na treni hupita angani juu ya reli zisizoonekana. Marehemu babu alikuwa mchimbaji, kwa hiyo nkambo aliwaelewa watu wa Orvani kuliko mimi. Katika mji wao palikuwa na kitabu kisicho na jalada, kinachoanzia ukurasa wa tisa. Ndiyo, hicho hicho. Ukurasa wake mmoja ukichanika, mtaa mmoja wa Orvani unazimika. Mtoto mmoja alitumwa kukipeleka kizima mpaka stesheni ya mwisho. Na katikati ya safari, kitabu kiliacha kumsimulia mtoto, kikaanza kusema na sisi: "Usiharakishe, wewe unayenisoma polepole. Wenye haraka hunipita kama treni inavyopita kijiji. Na sikuandikwa kwa ajili yako peke yako, bali kwa ajili ya yule unayemsomea."

Nkambo aliangua kicheko. "Kumbe inanijua!"

Hakuna mtu aliyewahi kuniambia kwamba uzito wangu wa kusoma ni kitu chema. Kitabu kiliniambia.

Basi nikapata ujasiri nisiouzoea. Wakati wa mapumziko nilianza kuwasimulia wenzangu watatu, kwa sauti ndogo, nyuma ya vyoo, kitabu mkononi. Siku ya nne walikuwa kama ishirini. "Leta, bwana! Ule mutoto alipanda treni?" Wengine walinitania, "Professeur wa Orvani, fungua kinywa, hatusikie!" Nami, niliyeogopa hata kuitika jina langu, nikapaza sauti. Hivyo ndivyo mwalimu wetu alivyonisikia.

"Kwa Kiswahili!" alisema. "Na kitabu hiki uliiba wapi? Weye hata lecture, kusoma tu, inakushinda."

Nilitaka kumwambia kwamba nimesoma kwa Kifaransa kila ukurasa niliousimulia. Akanivika kibao, akakichukua kitabu. Siku zile wenzangu walisema Kiswahili masikioni mwangu kutwa nzima, na ningeweza kumtaja yeyote. Sikumtaja mtu. Nilikivaa hata kamba ikanichubua shingo. Nyumbani nilisema kitabu nimekisahau shuleni.

Ijumaa nkambo aliona alama ile. Akaniuliza mpaka nikamweleza yote. Jumamosi asubuhi, maana kwetu Jumamosi pia tulisoma, alivaa kikwembe, kitenge chake cha misa, akanishika mkono mpaka shuleni.

"Mwalimu, nakuya juu ya kitabu yangu."

"Mama, ile haiko kitabu. Haina jalada, haina mwanzo, haiko mu programme."

"Weye ulisoma?"

"Nisome vile vya bure juu ya nini?"

"Basi unajua namna gani kama ni vya bure? Rudisha."

Mwalimu akakiri kwamba hanacho. Alikuwa amempa mama muuza karanga wa getini, apate karatasi za kufungia.

Tulitoka mbio. Getini watoto walikuwa wanakula karanga kutoka katika Orvani. Niliona ukurasa wa arobaini na mmoja umekunjwa kama pembe, chumvi ikimetameta juu ya stesheni. Niliona mitaa inazimika, mmoja baada ya mwingine, huku watu wakitafuna. Nkambo alikwenda kwa mtoto mmoja mmoja. "Mwana wangu, kinga mikono." Aliwamiminia karanga zao viganjani, akachukua karatasi. Tulirudi na kurasa kumi na nne zenye mafuta. Hakuna hata mmoja uliotoka mwishoni mwa kitabu, ambako hatukuwa tumefika.

Baada ya hapo nkambo aliuliza kila jioni, "Na ule mutoto, alifikaka?" Siku moja nikashindwa kuvumilia, nikabuni. Nilishika karatasi, nikajifanya nasoma. Mchi ulisimama.

"Ile haiko mu kitabu," alisema.

Nikaweka karatasi chini.

"Sema tu. Ya kweli ilipotea, njo ile tuko nayo."

Nikasema, miaka miwili, mpaka alipotutoka. Darasa la sita lilipokwisha, shule nami niliiacha. Sasa lupango lina wapangaji wengine, sombe inasagwa kwa mashine, na hakuna anayemsomea mtu. Watu huniambia nisahau, kitabu chenyewe kilikuwa kibovu. Siwezi. Nkambo alikufa na mwisho uliobuniwa na mtoto wa darasa la tano, kwa sababu mwalimu mwenye diploma hakufikiri kwamba mwanamke asiyejua kusoma angeuhitaji ule wa kweli.