Mchi wa Jirani na Shingo ya Mama Mdogo

Mwaka wangu wa kwanza chuoni nilikuwa na kiburi cha kuchekesha. Nilikaa kwa mama mdogo, ndugu yake mama yangu, huko Kabondo, mjini Kisangani, na jioni nilimsomea madaftari yangu ya biolojia kwa Kifaransa, hata alipokuwa anakaanga ndizi na hakuomba kusomewa. Aliniita docteur kwa utani. Mimi niliitika bila aibu.

Yeye alikuwa na rovu. Alikulia upande wa Uele, mbali na mto mkubwa, ambako chumvi ilikosa iodini na shingo zilizovimba zilikuwa nyingi. Utotoni aliambiwa kuwa ni laana ya kumjibu baba yake vibaya. Kisangani alilifunika kwa kitambaa, hata kwenye joto la mchana, hata kwenye salongo, kazi ya lazima ya Jumamosi, tulipokuwa tunafyeka nyasi za barabarani. Kitambaa kile hatukukizungumzia.

Siku moja alirudi kutoka hospitali na chupa ya vidonge. Daktari alimwambia kwamba ndani yake mna homoni ile ile inayotengenezwa na tezi ya shingoni. Mama mdogo akaiweka chupa juu ya kabati, akaniita.

"Docteur, shingo yangu iko kubwa tayari. Alors, wananipa tena kitu ya shingo. Ni ya kuikulisha ao ni ya kuipunguza?"

Nikafungua daftari, nikammwagia habari za hypophyse na rétroaction négative. Alinisikiliza kwa adabu zote, kama mtu anayesikiliza misa ya Kilatini. Kisha akasema kwamba siku nitakapojua kuieleza dawa hiyo kwa Kiswahili, atameza. Chupa ikakaa pale wiki tatu bila kufunguliwa. Kila asubuhi niliiona nikaona haya, maana kweli nilikuwa nimekariri tu. Nilianza kuogopa pia. Alikuwa anachoka upesi, na alisikia baridi katika mji ambao hakuna mtu anayesikia baridi.

Sasa, nyumba yetu iliendeshwa kwa masikio. Mama mdogo aliketi mbele na wageni wake, mimi nyuma na kinu cha pondu, yaani majani ya muhogo, wala hakuhitaji kuinuka. Mchi ukisikika, alinyamaza. Ukilegea, sauti yake ilizunguka nyumba nzima ikiniamuru nitwange. Nikitwanga vizuri, kimya tena. Akina mama wengi wa mtaa wetu walitawala hivyo.

Jumamosi moja, baada ya salongo, alikuwa mbele na wageni wake, anasukwa nywele. Nilitwanga kidogo, nikachoka, nikaketi kungoja kuitwa. Sikuitwa. Nikafungua daftari. Bado kimya. Ilinichukua muda kutambua kwamba nyuma ya ua binti wa jirani alikuwa anatwanga pondu ya kwao, tena kwa nguvu, na mama mdogo alikuwa ameridhika kabisa. Basi nikajilia raha zangu.

Saa sita mchana akaja nyuma, nusu ya kichwa imesukwa, akakuta majani yangu mazima.

"Nani alikuwa anatwanga?"

"Ni kwa jirani, mama."

Alikasirika, na alikuwa na haki, maana wageni walikuwa na njaa. Badala ya kuomba msamaha nikaanza kucheka, nikashindwa kuacha, kwa sababu chupa ya juu ya kabati ilikuwa imenijia kichwani. Nikamketisha kwenye kigoda nikamweleza.

Chini ya ubongo kuna tezi ndogo, haizidi punje ya kunde. Hiyo ndiyo wewe, mama, uliyeketi mbele. Inaisikiliza damu. Homoni ikipungua, inaiamuru tezi ya shingo itwange. Ikitosha, inanyamaza. Kule Uele shingo yako ilitwanga bila majani ya kutosha, yaani iodini ya chumvi, na yule wa mbele hakuacha kuita, miaka na miaka, mpaka tezi ikavimba kwa kazi. Kidonge ni mchi wa jirani. Yule wa mbele anausikia, ananyamaza, na shingo inapumzika, kama mimi leo.

Nilidhani atazidi kukasirika. Lakini akaishika shingo yake juu ya kitambaa.

"Kumbe haikuwa laana," akasema. "Ilikuwa inatumika kazi tu."

Akaingia ndani, akafungua chupa, akameza. Rovu lilipungua baada ya miezi mingi, na halikuisha kabisa. Kidonge kimoja hakiwezi kubadilisha chochote siku hiyo hiyo, na hilo nililijua hata kwa Kifaransa. Lakini kitambaa alikifungua shingoni pale pale, akakifunga kichwani kuficha upande ambao haujasukwa, akarudi kwa wageni wake shingo wazi. Niliitwanga pondu ile nikitokwa na machozi ya furaha, na nilipopunguza mwendo kidogo tu, nikaitwa.